Maziwa ya Tereza

Sisi majirani wa Mwisenge tulimjua Hyasinta kabla hajapotea, na tulikuwepo aliporudi. Hata waliokataa kumwamini hawakupata maelezo mengine.

Mwaka wa themanini na nne alikuwa na mtoto mmoja, Tereza, ambaye ndiyo kwanza alikuwa anajifunza kukaa bila kuegemezwa. Mumewe, Felisian, alikuwa fundi seremala asiye na misumari, maana mji mzima haukuwa nayo. Sabuni nayo hakuna; nguo tulifulia majani ya mpapai. Siku unga ulipoisha, Hyasinta alimwachia mtoto wifi yake, Ursula, akaenda Butiama kwa baba yake mdogo kuomba unga wa muhogo. Alitegemea kurudi kesho yake.

Unga alipewa. Gari la kurudi ndilo halikuwepo, kwani hata dizeli ilikuwa adimu. Akajitwika mfuko, akafuata njia ya mkato nyuma ya vilima, akashuka kwenye bonde asilolijua.

Huko, alituambia, jua lilienda lilivyotaka. Lilipanda kidogo, likarudi lilikotoka. Kivuli chake kikawa mbele, kikahamia nyuma, kisha kikapotea. Kando ya njia palikuwa na shamba la ulezi: alipolikaribia lilikuwa linachipua, alipofika katikati ulezi ulikuwa umeinamisha vichwa kwa kukomaa, na alipogeuka aliona udongo mtupu, umelimwa upya. Mzee mmoja alipita na ng'ombe wake akiimba. Walipopishana, sauti iliyoendelea kuimba nyuma yake ilikuwa ya mtoto mdogo. Hyasinta hakuogopa. Alisema ilikuwa kama kuamka usingizi wa mchana, hujui kama ni asubuhi au jioni, na wala hujali.

Mbele ya nyumba ya nyasi, mwanamke kijana mwenye mimba alikuwa anasaga ulezi kwenye jiwe. Alikuwa na mwanya na kovu lililokata nyusi ya kushoto. Hyasinta alisimama palepale. Kovu lile bibi yake alikuwa amemsimulia mara nyingi. Lilikuwa la Bhoke, mama yake, aliyefariki kabla Hyasinta hajajua kumwita.

"Karibu dada, tua mzigo," Bhoke alisema.

Akatua. Akauliza jambo la kwanza lililomjia: "Hiyo mimba ni ya ngapi?"

"Ya kwanza. Akiwa wa kike nitamwita Hyasinta. Nililisikiaga kanisani, nikalipenda."

Hyasinta alipiga magoti, akaanza kukusanya unga uliokuwa unadondoka jiweni. Walifanya kazi pamoja. Mara tumbo la Bhoke lilikuwa kubwa, mara lilikuwa tambarare na mtoto amelala mgongoni mwake, mara lilikuwa kubwa tena.

"Nywele zako nani anazisukaga?" Bhoke aliuliza.

"Najisukaga mwenyewe. Tangu utoto."

"Njoo ukae hapa."

Akakaa chini, katikati ya magoti ya mama yake. Vidole vilipita kichwani taratibu, vikagawa nywele, vikavuta, vikalaza. Alifumba macho. Alitamani kichwa chake kisiwe na mwisho.

Upande mmoja ulipokamilika, Bhoke aliona gauni la mgeni limelowa kifuani.

"Una mtoto anayenyonya. Yuko wapi?"

"Nimemwacha na wifi yangu."

"Basi nyanyuka uende."

"Bado sijakaa na wewe."

Bhoke alimtazama usoni muda mrefu, kama mtu anayetafuta jina. "Huku hakuna atakayekwambia umekaa ya kutosha," alisema. "Nenda, mwanangu. Maziwa hayadanganyi."

Hyasinta akainuka, akatembea bila kugeuka, kwa sababu aliogopa kuona udongo mtupu. Aliposikia honi alijikuta Nyasura, Bunda, mbali kabisa na alikokuwa anaelekea. Lori lililompa lifti lilikuwa limebeba katoni za sabuni. Alimuuliza dereva anazificha wapi polisi wakimsimamisha, kwani alipoondoka nyumbani mzigo kama huo ulikuwa unamfunga mtu jela.

"Kuficha kwa nini, mama?" dereva alisema. "Siku hizi ni ruksa."

Alifika nyumbani mchana, gauni bado bichi, kichwa kimesukwa nusu. Felisian alikuwa anapigilia kabati; nyundo ilimtoka mkononi. Tulikuwa tumeshamwombea misa ya marehemu. Ursula alitoka jikoni, na nyuma ya sketi yake akachungulia msichana wa miaka mitatu na zaidi.

"Mama, huyu nani?" Tereza alimuuliza Ursula.

Hyasinta aliketi kizingitini. Maziwa yalikuwa yanamtoka, na mwenye maziwa alikuwa anakimbia na kuongea.

Jioni ile Ursula alifunga nguo zake kwenye kanga. "Nirudi kijijini, wifi. Nikiwepo hatakuzoea."

"Ukiondoka atalia, na mimi sitakuwa nimepata kitu," Hyasinta alimjibu. "Nimekua bila mama. Yeye awe na wawili."

Ursula akafungua kanga.

Wiki ileile jirani yetu Marieta alijifungua, akashikwa na homa kali, maziwa yakakauka. Hyasinta alimnyonyesha yule mchanga mpaka Marieta akapona. Tereza alikuwa anasimama mlangoni akitazama. Siku moja akasogea, akaegemea bega la Hyasinta, akagusa mguu wa mtoto.

"Na mimi nilinyonyaga hivi?"

"Ulinyonyaga. Ulikuwa unanifinya."

Tereza akacheka, akabaki pale ameegemea. Tereza aliendelea kumwita Ursula "Mama". Kwa Hyasinta alisema "Mama Hya", na jina hilo likashika hata sokoni, Hyasinta alikokuja kuuza mitumba.

Bonde alilitafuta mara mbili tatu, akaacha. Felisian alikuwa na mvi sasa, naye Hyasinta hakuwa na hata moja, jambo lililomfanya mumewe anyoe kichwa kila Jumamosi. Ursula alizoea kumtania wakichambua dagaa uani:

"Nilikuwa mdogo wako, wifi. Sasa nimekupita. Nisalimie kwa adabu."

Naye Hyasinta alikuwa anamwamkia shikamoo, kwa dhati kabisa.