Maneno Mawili Niliyoyaelewa

Fomu ya kazi ile niliijaza kwa simu, nimekaa jikoni kwetu Chamwino. Ilikuwa na sehemu ya lugha: taja unazozungumza na kiwango chako. Kiswahili, vizuri sana. Kiingereza, vizuri. Kisha nikaandika Kirangi, na hapo kidole kikasimama.

Nilikuwa nimemaliza chuo miaka miwili nyuma na bado nakula kwa baba. Tangazo lilisema wazi: mradi wa kuhifadhi udongo unatafuta mkalimani wa Kiingereza na Kirangi, wiki tatu, kijijini Busi, Kondoa. Ningeandika "kidogo" wangenitupa. "Vizuri" ungekuwa uongo. Lakini nikawaza kwamba vizuri ni neno pana, kila mtu ana vizuri yake, na labda hata hao watakaoisoma fomu hawakijui Kirangi. Skrini ilizimika mara tatu nikiwaza hivyo. Mara ya nne nikaandika "vizuri", nikatuma, nikaenda kuosha vyombo ambavyo vilikuwa safi.

Kirangi changu chote kingeweza kuandikwa nyuma ya daftari. Salamu. Maji, moto, mawe, watoto. Njoo, nenda, kula. Matusi mawili madogo ambayo bibi aliwatupia mbuzi. Baba ni mtu wa Busi aliyeajiriwa serikalini akahamia Chamwino, mama ni Mgogo, na nyumbani lugha ilikuwa Kiswahili. Baba alisema Kirangi tutajifunza likizo. Likizo tulikwenda mara mbili.

Kuna jambo jingine ambalo lilinifanya niogope kwenda Busi, na hilo halikuhusu fomu.

Dada yake baba, shangazi yangu, anaishi huko. Nilipokuwa nasoma sekondari alikuwa anakuja Chamwino kila baada ya mavuno na ulezi na karanga. Mimi nimepewa jina la mama yake, kwa hiyo huniita mama. Kiswahili alijifunza ukubwani, na kilikuwa na mwendo wake: alivuta maneno mahali ambapo sisi hatuvuti, na mwisho wa sentensi sauti ilipanda kama mtu anayepanda ngazi. Siku moja, nikiwa kidato cha pili, alipita uani akinisalimia, na marafiki zangu wawili waliokuwa nami getini wakauliza, "Yule nani?"

Nikasema, "Ni mama mmoja hivi anatuletea ulezi."

Kisha, bila kuombwa, nikamwigiza. Nilimwigiza vizuri sana. Wenzangu walicheka mpaka wakashika geti. Nilipogeuka, shangazi alikuwa amesimama mlangoni na ungo mkononi. Alirudi ndani akaendelea kupeta.

Sijawahi kumwomba msamaha. Kila nikitaka kuanza, "Shangazi, unakumbuka ile siku," nawaza: kama amesahau, nitakuwa nimemkumbusha. Na kama hakusahau, basi miaka yote hii amekuwa akinisubiri. Sijui lipi ni baya zaidi, kwa hiyo nanyamaza.

Kazi niliipata. Mtaalamu niliyepangiwa kumsaidia alikuwa mwanamume wa makamo kutoka Burkina Faso, ambako kazi yake ilikuwa kuwaonyesha wakulima wa maeneo kame jinsi ya kupanga mistari ya mawe kwenye miteremko ili mvua isibebe udongo. Tuliondoka Dodoma mjini asubuhi. Makutupora tukasimama akanunua zabibu, akaziweka katikati yetu kwenye kiti. Tulizungumza Kiingereza.

"Nyumbani kwenu mnazungumza lugha gani?" aliniuliza.

"Kiswahili. Sisi tuna bahati, nchi nzima tunaelewana. Hatuhangaiki kama nchi nyingine."

Niliposema "nchi nyingine" nikajua nimemtukana. Nikaanza kutafuta namna ya kurekebisha, lakini yeye alicheka.

"Mimi nimehangaika tangu nizaliwe. Baba namsemesha Kimore. Mama ni Mbisa. Akikuita kwa Kibisa ukamjibu kwa Kimore, chakula hupati. Sokoni Kidiula. Wafugaji wakipita na ng'ombe, Kifulani. Kifaransa nilipewa shuleni kwa fimbo. Hiki Kiingereza nimekiokota ukubwani, ndiyo maana kinachechemea."

"Na ukikutana na mtu ambaye huna lugha yake?"

"Namwambia sina. Ni kama mtu akikuomba kiberiti. Kama huna, huna. Mnamtafuta mwenye nacho." Alitema mbegu ya zabibu nje ya dirisha. "Lakini wewe Kirangi unacho. Ni bahati yangu."

Nikasema ndiyo. Kisha nikatazama nje kwa muda mrefu, kana kwamba barabara ya Kondoa ilikuwa ngeni kwangu.

Siku mbili za kwanza Busi zilipita salama. Wakulima waliongea nasi Kiswahili, mimi nikageuza kwa Kiingereza. Yeye aliwaamkia kwa "asalaam aleikum", watu wakaitikia kwa nguvu, na ikajulikana kwamba ni Mwislamu mwenzao. Usiku nilianza kuamini kwamba nimepona. Shangazi sikumwambia kwamba nimekuja. Nilijiambia nataka kumshtukiza.

Siku ya tatu tulipanda mteremko ulio juu ya korongo kubwa, sisi na mwenyekiti wa kijiji na wakulima kama ishirini. Shangazi alikuwa miongoni mwao.

"Mama!" aliita kutoka nyuma. "Umeingia Busi kimya kimya kama mwizi wa kuku?"

Watu wakacheka. Mwendo wa sauti yake ulikuwa uleule.

"Shikamoo shangazi. Nilitaka kukushtukiza."

"Marahaba. Umenishtua kweli. Umekonda. Huko chuoni ugali walikuwa wanawaonyesha tu?"

Nilicheka kuliko utani wenyewe ulivyostahili, nikarudi haraka kwa mtaalamu, mgeni wetu.

Mgeni alikuwa amesimama mahali ambapo mawe mengi yalilala katikati ya majani, mengine yamezama nusu ardhini. Yalikuwa ya ukubwa uleule aliouhitaji. Ili nimtendee haki lazima niseme hivi: aliuliza. Kila mahali alikuwa anauliza kwanza. Alisema, "Mawe haya ni ya nani, na tunaweza kuyatumia?"

Nikauliza kwa Kiswahili. Mwenyekiti, ambaye alikuwa kijana na familia yake ilihamia hapo juzijuzi, alimtazama bibi mmoja mwembamba mwenye kanga mbili. Akasema, "Hapa mwenyewe ni huyu bibi. Ila Kiswahili chake ni cha kuokoteza. Wewe si unajua Kirangi? Msikilize."

Bibi akaanza kuzungumza. Alizungumza taratibu, akinitazama usoni, akanyoosha mkono kwenye mawe, akaushusha, akaunyoosha tena. Nilisikia "mawe". Nikasikia "watoto". Kisha tena mawe, na tena watoto. Katikati yake ulipita mto mzima wa maneno ambayo sikuwa nayo.

Ningeweza kusema sijaelewa. Shangazi alikuwa hatua kumi kutoka nilipo. Lakini nilihesabu kwa haraka watu ambao wangesikia: mgeni, mwenyekiti, wakulima wote, na yeye. Nikawaza ripoti itakayoandikwa. Nikawaza ile fomu. Halafu akili yangu, ambayo imesoma ripoti nyingi za miradi kuliko inavyostahili, ikayachukua yale maneno mawili na kuyajengea nyumba.

Nikamwambia mgeni kwa Kiingereza: "Anasema mawe haya yatumike kwa faida ya watoto, kwa vizazi vijavyo."

Uso wake ulijaa furaha. Aliweka mkono kifuani akamwinamia bibi. Kisha akapiga hatua tatu, akainama, akang'oa jiwe moja lililosimama wima kwenye majani.

Sauti iliyotoka kwa wale wanawake sijawahi kuisikia popote. Haikuwa kelele ndefu. Ilikuwa pumzi iliyokatwa kwa pamoja. Bibi alikaa chini palepale aliposimama, kama mtu aliyekatwa miguu. Mzee mmoja akafoka kwa Kiswahili, "Ameambiwa! Ameambiwa kwa mdomo wa mwenyewe, na bado anang'oa! Huyu ni Mwislamu wa wapi?"

Mgeni alisimama na jiwe mikononi. "Nimefanya nini?" aliniuliza. "Dada, wanasema nini?"

Na hapa ndipo pabaya zaidi kuliko pale pa mwanzo. Nilikuwa nimeshaelewa. Nilikuwa nimeona kwamba kwenye majani mawe yale yamekaa kwa mistari, mifupi, mifupi mno, yote imeelekea upande mmoja. Lakini nilimjibu, "Nadhani wamebadili mawazo."

Alinitazama. Mtu aliyekua katikati ya lugha sita anajua kusoma uso wa mtu anayesikiliza. Hakuyaondoa macho usoni kwangu.

Shangazi alikuja akasimama mbele yangu. Alisema kwa Kiswahili, polepole, watu wote wakisikia:

"Mama. Huyu mgeni umemwambia nini?"

"Shangazi..."

"Mimi Kizungu sijui. Wewe ndiye unajua. Umemwambia nini?"

Nilitazama chini. Viatu vyangu vilikuwa vipya, nilivinunua kwa ajili ya kazi hii. Nilijua kwamba nikinyamaza kwa muda wa kutosha, lawama ingebaki kwa mgeni, naye angeibeba mpaka kwao bila kujua ni ya nini. Watu wa Busi wangesimulia kwa miaka juu ya mgeni wa mbali aliyeambiwa haya ni makaburi akang'oa. Hilo lilikuwa rahisi sana kufanyika. Sikutakiwa kufanya lolote.

"Sikuelewa alichosema bibi," nikasema. "Nilisikia mawe na watoto tu. Yaliyobaki nimeyatunga. Mgeni hajui. Mimi ndiye niliyemwambia ameruhusiwa."

Mwenyekiti alisema kwa sauti ndogo, "Lakini walituambia unajua Kirangi."

"Niliwadanganya."

Kisha nikamgeukia mgeni nikayasema yaleyale kwa Kiingereza. Kwa Kiingereza yalikuwa mafupi, na nilichukia jinsi yalivyonitoka kwa ufasaha. Shangazi akanieleza alichosema bibi, nami nikakivusha: haya ni makaburi ya watoto waliokufa kwa surua alipokuwa mwanamke kijana, wawili ni wake, na ndiyo maana upande huu haulimwi, mawe tafadhali yachukuliwe upande wa pili wa korongo, huko yako mengi.

Mgeni alipiga magoti. Alilirudisha jiwe kwenye shimo lake kwa mikono miwili, akalishindilia udongo kwa vidole, akahakikisha limesimama kama lilivyokuwa. Kisha akafungua viganja akasoma Alfatiha. Wazee wakafungua viganja vyao, na yule aliyefoka akaitikia amina. Kwa hilo hawakunihitaji.

Aliponyanyuka aliniambia, bila ukali, "Muombe shangazi yako akae katikati."

Siku nzima iliyobaki tulifanya kazi hivyo. Bibi anasema kwa Kirangi, shangazi anakileta kwa Kiswahili, mimi nakipeleka kwa Kiingereza, jibu linarudi kwa njia ileile. Mgeni alisema kwao mambo mengi huamuliwa hivyo, kwa watu watatu wanne waliopangana, na hakuna anayeona ni ajabu. Alitaka kunifariji. Mimi nilikuwa nasikiliza kile Kiswahili cha shangazi kinachopanda ngazi mwisho wa sentensi, na kuhakikisha sipotezi hata neno. Hakikuwa na kosa lolote. Kila alichosema bibi kilinifikia kizima.

Jioni, watu wakishuka, bibi alisimama mbele yangu. Nilimwamkia kwa Kirangi, salamu ambayo ninayo kweli. Akaitikia, kisha akasema maneno mengine. Niligeuka.

"Shangazi, amesema nini?"

"Anauliza wewe ni mtoto wa nani."

Nilingoja amjibu. Hakumjibu. Alikuwa anajifunga upya kanga kiunoni, hana haraka, hanitazami. Nikalikumbuka geti la Chamwino, na wakati huo nikajua kwamba hakusahau.

"Kwa Kirangi wanasemaje," nikauliza, "mimi ni mtoto wa kaka wa huyu, huyu ni shangazi yangu?"

Akaniambia. Ilinibidi nimwombe arudie, kisha arudie tena, na mara ya tatu aliniigiza jinsi ninavyovunja neno, wanawake waliokuwa wanapita wakacheka. Nami nilistahili.

Nikamgeukia bibi nikasema. Akaweka mkono sikioni, akaashiria hajasikia. Nikarudia kwa sauti kubwa, mpaka waliokuwa wamefika chini korongoni wakageuka kutazama.