Kufuli la Bi Maua

Risasi ya kwanza ilipolia nje, binti yangu Zuwena alijitia chini ya meza ya halwa na kujishindilia ncha ya kanga mdomoni. Ilikuwa arusi ya binamu yake, hapa Ibra, Omani. Wanaume walikuwa wakicheza razha, ngoma ya panga, uwanjani na kupiga bunduki hewani, kama ilivyo desturi. Zuwena alizaliwa hapa. Vita hajaviona.

"Ebo! Nyinyi watu wa Burundi hata baruti ya furaha mwaikimbia?" alisema shangazi wa bwana arusi. Wanawake wakacheka. Nikacheka nao. Katika ukumbi ule wote sikuwa na hata mmoja wa kumweleza.

Nyumbani nilimuuliza Zuwena nani kamfundisha vile.

"Wewe, mama. Kila arusi wafanya hivyo hivyo."

Nikaitazama kanga yangu. Ncha yake ilikuwa imelowa mate.

Sikuwa nimemwambia lolote. Nilidhani nisiposema, halitamfikia. Asubuhi yake, mume wangu akiwa kazini Maskati, nilimkalisha jikoni nikaanza.

Siku ile Bujumbura ilianza kwa vitumbua. Mama akichoma, kaka yangu Nasri akiviiba vya moto, akidai anaviokoa visiungue. Minong'ono ilikuwepo mtaani, lakini maduka yalikuwa wazi. Alasiri milio ikaanza mbali, ikasogea. Baba akafunga milango. Tukajibana baina ya magunia ya maharage, na mama akatugawia kanga, kila mmoja aume ncha, asije akapiga kelele.

Ndipo Nasri akamkumbuka Bi Maua, ajuza wa nyumba ya pili, aliyeishi peke yake.

"Namleta."

"Kaa, Nasri," alisema mama.

"Nyumba ya pili tu, mama."

Akatoka.

Milio ikafika mtaani kwetu.

Tukauma kanga.

Kulipopambazuka barabara ilikuwa tupu. Kwa Bi Maua madirisha yalikuwa yamefungwa, na mlangoni palikuwa na kufuli, kwa nje. Tukaita. Kimya. Lori la kutupeleka mpakani lilikuwa likipiga honi. Tukapanda.

Ibra, kwao babu zetu, tulipata ndugu, nyumba na kazi. Jamaa walitaka kumsomea Nasri hitima, mama akakataa. "Maiti hafungi kufuli," alisema, na hakuongeza neno. Alifariki bila ya hitima ile kusomwa. Mimi nikarithi bangili zake na katazo lake.

Zuwena alinisikiliza mpaka mwisho.

"Tumsomee mjomba, mama. Huenda tukaacha kuuma kanga."

Ijumaa tukawaita majirani. Kahawa ilipopita, mwalimu akauliza jina la marehemu. Nilifungua mdomo, halikutoka. Zuwena akalitaja, kwa sauti, jina la mtu ambaye hajapata kumwona. Watu wakaitikia, wakaanza kusoma. Nilikaa nyuma ya pazia na mikono mitupu mapajani; kanga sikuigusa.

Lakini kufuli lile lilikuwa la kizamani, halifungiki bila ya ufunguo, na ufunguo Bi Maua alikuwa akiuvaa shingoni. Mtu aliufunga mlango ule akiwa hai, amesimama nje. Alielekea wapi, sijui mpaka leo.