Nilivyomuua Nyota wa Sinema Mbele za Watu

Kisa hiki nilitaka kukizika (mke wangu Salha ndiye aliyekisambaza), na mpaka leo nikipita ule ukumbi wa mtaa wa Ghubra, hapa Maskati, nnatazama upande wa pili kwa haya.

Alikuja Maskati mzee mmoja wa filamu za Kihindi, yule ambaye ujanani akipiga genge zima peke yake. Sasa goti bovu, anapanda ngazi kwa kushikwa, lakini alikuja kutuonesha vipande vya filamu zake na kutuhadithia zilivyopigwa. Akaomba mtu apande jukwaani wapigane kama zamani. Na mie, ambaye miaka yote najisifu kuwa Kihindi nnakifahamu chote kwa kuangalia sinema tu, nikanyanyua mkono.

Salha akanivuta kanzu. "Kaa kitako, baba Nasra, utatuaibisha!"

Sikukaa. Kule juu mzee akanishika bega, akanieleza maneno mengi, taratibu, kwa Kihindi. Sikufahamu hata moja, nikatikisa kichwa tu, ndiyo, ndiyo. (Kumbe akiniambia: rusha ngumi hewani, nitaanguka mwenyewe, usiniguse mpaka muziki ulie.)

Nikarusha ngumi. Nilihisi kama kidole kimemgusa kidevu, naye huyo chini, puu, macho meupe, hapumui. Nikamtikisa, wapi! Nikaiona jela hii hapa, nikatwaa chupa ya maji nikammwagia yote usoni huku nikipiga kelele kwenye kipaza sauti, "Jamani, nimemuua mzee wa watu!" na nusu ya ukumbi ni wenzetu waliohamia huku kutoka Unguja, wakafahamu kila neno. Rangi ya nywele ikaanza kumchuruzika mashavuni, nami kwa kiwewe nikadhani damu yake imegeuka nyeusi.

Akafumbua jicho moja, akasema kitu. Sikufahamu tena! Mshereheshaji ndiye aliyefasiri, kicheko kimemkaba: "Anasema, ndugu yangu, niache nimalize kufa."

Watu walicheka mpaka machozi. Mie nililia kweli, nikamkumbatia, kanzu yangu nyeupe ikajaa madoa, naye akauambia ukumbi kuwa amekufa mara nyingi kwenye filamu lakini hajapata kuliliwa namna ile.

Haya nnazo, siwafichi, ila bora haya kuliko kwenda kumzika. Siku hizi mtu akinisemesha nisichokijua, namwambia waziwazi: sikufahamu, bwana, nieleze tena.