Maji ya Yai

Kule Tetouan, mji wa Moroko, Rkia alikuwa na kazi ya ajabu: kuandika filamu za kuwafundisha watoto wadogo kufunga kamba za viatu, kukunja shuka, kupiga mswaki. Hebu fikiria, mtu mzima anashinda akivua kiatu na kukivaa, asije akasahau hata hatua moja! Kila filamu aliijaribu kwanza kwa Nuhaila, binti wa kaka yake, mtoto wa miaka saba, mwongeaji kama chiriku.

Filamu ya kuchemsha yai Nuhaila aliigiza mwenyewe, jikoni kwa bibi yake. Alipofika kwenye kumwaga maji ya moto, akaliinamia tundu la sinki. "Bismillahi! Jamani, pisheni!"

Ndivyo wanavyofanya watu wa nyumba zote za pale, maana huko chini ya mabomba kuna wenyewe, majini wasioonekana, na wana watoto.

"Kata!" Hisham, mwongozaji, akaangua kicheko. "Dada Rkia, tunafundisha yai au tunapunga pepo?"

Rkia akaona haya, akayafuta yale maneno kwenye mswada. "Mwaga tu, mwanangu. Kimya kimya."

"Lakini shangazi, tutawaunguza!"

"Mwaga, nimesema."

Nuhaila akamwaga. Mvuke ukampanda usoni, na tangu hapo hakutamka neno. Madaktari walimchungulia koo. Halikuwa hata na mkwaruzo.

"Wewe hukujua?" mama yake Rkia alimfokea. "Si umelelewa humu humu? Nenda kawaombe radhi wenyewe, mjukuu wangu arudishiwe sauti yake!"

Adhuhuri, jikoni pakiwa patupu, Rkia alichukua bilauri ya maziwa, akayamimina tunduni taratibu.

"Bismillahi. Kosa ni langu mimi mtu mzima. Mtoto alinikanya, sikumsikia. Nawaomba, mrudishieni."

Bomba likaguguma. Kisha kutoka chini, chini kabisa, ikapanda sauti anayoijua kama kiganja chake.

"Kwanza, tunaweka yai kwenye maji baridi."

Na sauti nyingine ndogondogo, nyingi mno, zikaitikia kwa pamoja: "Kwanza, tunaweka yai kwenye maji baridi."

Rkia akashika ukingo wa sinki. "Nuhaila! Njoo nyumbani, mama!"

"Ngoja, shangazi," tundu likajibu. "Hatujafika kwenye kumwaga."

Rkia akageuka. Nuhaila alikuwa amesimama mlangoni, mdomo kaufumba, akisikiliza naye.