Kamera ya Uani Siku ya Mahari

Mpaka leo nikikutana na wakwe zetu wa Fizi hapa sokoni Baraka natamani ardhi ipasuke nizame, maana aibu ile niliitengeneza kwa mikono yangu mwenyewe.

Mimi ni fundi wa redio na simu, na nilikuwa nimepata kamera ya ulinzi ya zamani, zile zinazotuma picha kwa waya hadi kwenye kompyuta, nikaifunga uani ili niwaone kuku wakija kula ndakala, dagaa wa mama walioanikwa. Siku wakwe walipokuja kwa mahari ya dada yangu Riziki, mimi kwa kupenda sifa nikaunganisha kompyuta na televisheni ya sebuleni. Kamera ilikuwa kuukuu, picha zilichelewa dakika nzima: mama aliingia, akaketi, ndipo wageni wakamwona kwenye televisheni bado anafukuza kuku. Walicheka sana, wakanisifu, nami kichwa kikavimba.

Baba mdogo wa bwana harusi, msemaji wao, akatangaza ng'ombe wa kumpa mama wa binti. Jamani, ng'ombe! Sisi tuliogopa wangetoa mbuzi tu, na mama alimtamani mno ng'ombe huyo. Lakini kwetu hamkubali papo hapo, lazima mtoke kwanza mkashauriane, kwa hiyo mimi, baba yetu, tunayemwita Papa, na shangazi tukaenda uani, tukamwacha mama na wageni.

Papa akanong'ona, "Turudi na sura ya kukasirika, tuombe na mutoto ya ng'ombe."

Sawa, lakini furaha ilinizidi, nikacheza, nikamnyanyua shangazi mzima mzima, na Papa mwenyewe (mzee wa kanisa!) akakata kiuno. Kisha tukakunja nyuso, tukarudi kuketi.

"Bakwe, mumetuzarau," Papa akasema. "Ile ng'ombe moya haitoshi."

Hakuna aliyemtazama. Wote macho kwenye televisheni, ambako Papa ndiyo kwanza alikuwa anakata kiuno. Nikarukia waya, kumbe nimechomoa wa redio, picha zikaendelea.

Msemaji akageuka taratibu. "Mukwe, kama muko nakasirika vile, siku yenye mutafurahi itakuwa namna gani?"

Nikaona ndoa ya Riziki inakwenda na maji. Ndipo mama akasema, "Mi nakubali ng'ombe yangu," na nyumba nzima ikaangua kicheko.

Ndama hatukumpata. Nimeapa siku ya mahari ya mdogo wetu Neema nitachomoa kila waya mapema, lakini Papa anasema nisijisumbue, siku hiyo nitatumwa mbali, hadi Mboko, kununua samaki.