Sauti za Vivuli vya Karatasi

Binti yangu hunijibu kwa Kiingereza. Nikimwita aje kula, jibu ni Kiingereza. Nilidhani nimeshazoea, mpaka Jumamosi ile maktaba ya mtaani kwetu, Walthamstow, hapa London, ilipowaonyesha watoto filamu bubu ya zamani.

Ilikuwa katuni fupi ya mchezesha vivuli. Mzee wa karatasi nyeusi anachezesha sungura nyuma ya pazia, sungura anakata uzi na kutoroka, mzee anamfukuza. Sauti hakuna hata chembe. Watoto wakaanza kupiga miayo. Ndipo mpangaji mwenzangu, mama wa Mombasa tunayeishi naye nyumba moja, akamwinamia binti yangu na kuanza kuitia filamu maneno, kama wale watafsiri wa vibanda vya video kwetu Dar, wanaozisemea filamu za kigeni kwa Kiswahili. Tena mimi ndiye niliyemsimulia habari zao!

"Wee mzee, hicho kitambi wakipeleka wapi?"

Mtoto akacheka hadi akashika tumbo. Halafu akapaza sauti: "Sungura, kimbia! Anakuja, anakuja!"

Kwa Kiswahili. Na aliyejibiwa ni yule mpangaji, si mimi niliyemzaa. Niliona wivu. Nikamnong'oneza binti yangu kwamba hata mimi nawajua sungura wengi wajanja.

"Yes, Mummy," akasema, macho kwenye skrini.

Kesho yake nilikata boksi la nafaka za asubuhi, nikatengeneza sungura, mzee na mama mmoja mwenye kilemba. Nikatundika shuka sebuleni, nikafunga mapazia, nikawasha tochi. Nilitaka kumshinda yule mwanamke, sifichi. Nikampa binti yangu yule mama wa karatasi, nikamwambia amsemeshe kama jana.

Akamnyanyua mbele ya tochi. Kivuli kikasema, kwa Kiswahili safi na kwa sauti yangu mwenyewe:

"Haraka, tutachelewa! Vaa viatu! Mama amechoka, niache nilale."

Mpangaji mwenzangu alikuwa mlangoni na kikombe chake cha chai. Alicheka. Nami nikacheka, kwa shida.

"Endelea," nikasema. "Mama anasema nini tena?"

Binti yangu akamtazama yule mama wa karatasi, akafikiri, akafikiri tena. Hakupata kingine. Akamnyooshea mpangaji mwenzangu ile karatasi.

"Anti, msemee wewe."

Mimi nikabaki nimeshika tochi.