Ngoma Iliyolia Motoni

Nilijifunza kusoma nikiwa na ndevu, katika darasa la ngumbaru hapa Ikutha, na nilihitimu vizuri hivi kwamba hata mbuzi walianza kunipisha njiani. Jioni moja mwalimu alitusimulia jinsi maktaba za watu wa kale zilivyoteketea, elimu ya vizazi ikawa majivu. Mimi nikacheka.

"Mwalimu, sisi tuko salama. Hatuna maktaba ya kuchoma."

"Na nyanya yako anajua nyimbo ngapi za kilumi?"

Kilumi ni ngoma ya wanawake wazee, ya kuomba mvua na kutuliza pepo. Nyanya ndiye alikuwa mpigaji wa mwisho kwetu. Nyimbo zake, bila kutia chumvi, zilikuwa elfu kumi, na hakuna hata moja iliyoandikwa. Nikaamua kuziandika zote, nianze Jumatatu.

Lakini Ijumaa Nyanya akaokoka kwenye mkutano wa injili. Na kwetu mtu akiokoka, vitu vyake vya zamani huchomwa nyuma ya kanisa.

"Susu, nyanya yangu, ngoja Jumatatu tu," nikambembeleza.

"Yesu amekungoja wewe miaka arobaini, na bado. Shika ngoma upande huo tubebe."

Jumapili mchana nikaibeba mwenyewe, gogo refu kuliko pasta, limewambwa ngozi ya mbuzi. Vijana wa kanisa hawakujua lolote la kilumi. Wakaliweka kando ya moto, ngozi ikitazama ndimi. Wazee wakashtuka, kwa sababu hivyo hasa ndivyo ngoma hupashwa ikaze kabla ya kupigwa.

Ngozi ikakaza. Jua lilikuwa la utosi. Kisha, bila mkono wa mtu, ikalia: du. Kimya. Du-du.

Labda ni makaa yaliyoruka yakaigonga. Mimi nasema nilichosikia.

Kwenye benchi la akina mama kulikuwa na vikongwe watatu waliookoka zamani. Mabega yao yakaanza kutetemeka, yote pamoja, kama kwenye kilumi, na nyuso zao zikiwa zimetulia tuli. Nyanya hakutetemeka. Aliinamisha kichwa kama mtu anayeitwa kutoka mbali.

"Nani huyo anapiga?" akaninong'oneza.

"Hakuna mtu, Susu."

"Kuna mtu. Tena ananishinda."

Ngozi ikapasuka. Mabega yakatulia papo hapo.

Jumatatu nikafika kwake na daftari jipya, nikamwomba wimbo wa mvua. Akafungua mdomo. Vidole vikaanza kugonga meza, vikapotea, vikarudi mwanzo, vikapotea palepale. Alijaribu mpaka chai ikapoa. Mwishowe akaniangalia kwa macho ambayo sikuwahi kuyaona kwake, ya mtu aliyeamka katika nyumba asiyoijua.

"Wewe nilikuwa nakubeba mgongoni nikiimba huo," akasema. "Ulikuwa unaanzaje?"

Nikafungua mdomo mimi pia, nikapotea palepale.